Aliyeniua Sehemu ya Nne

Mishi Mwandaro aliniua sehemu ya nne,
kwa waya wa umeme, nimevaa kanzu ya kuazima,
kwa kuwa nilidai nauli ya kutoka Mikindani.
"Umekuwa ghali," akanambia, macho kwenye karatasi,
"lakini n'takupa kifo kizuri."
Akanipa. Mamangu alikiona kwa jirani
akapiga ukemi,
na mimi nimekaa ubavuni pake, natafuna muhogo.

Siku hizo alikuwa karani wa bohari, Kilindini.
Mchana anahesabu magunia ya saruji,
usiku, chumba cha uani, Mwembe Kuku,
anaandika tamthilia nyuma ya fomu za forodha.
Ukiinua posa ya Bi Arusi kwenye taa
unasoma kwa nyuma: MZIGO UMEINGIA MAJI.

Taipu yake haikuwa na h.
Ilianguka ngazini siku aliyotoka kwa mumewe,
fundi akaitazama, akasema herufi hiyo
labda Bombei.
Basi alipiga odi, alipiga aya, alipiga uzuni,
kisha akaketi na biro ya buluu
kuzirudisha moja moja
kama mtu anayeonja mchuzi na kuongeza chumvi.

Bahasha ilipanda treni ya usiku kwenda Nairobi.
Huko ilisomwa na mabwana wasioijua Kibokoni.
"N'shakwambia" ikawa "nimekwisha kukuambia",
na bibi wa Kibokoni, mdomo umejaa tambuu,
akawa anagombana kama taarifa ya habari.
Hundi ilichukua miezi mitatu.
Mara moja ilikuja na jina la mtu mwingine
naye akaipeleka kwa mwenyewe, kwa miguu, hadi Ganjoni.

Sehemu ya mwisho, umeme ulipotea mtaa mzima.
Asubuhi akapita akiuliza: "Iliishaje?"
Akamuuliza muuza mahamri.
Akamuuliza mwalimu wa madrasa, aliyeapa hatazami,
kisha akamsimulia yote, hadi rangi ya pazia.
Mume karudi, mke kalia, wamepatana.
Yeye alimwacha mke nyuma ya mlango,
komeo mkononi, hajaamua.
"Wamepatana," akasema.
Akalipia mahamri manne, akayasahau palepale.

Na jina lake? Lilipita chini mwishoni, mbio,
kabla ya tangazo la sabuni: MISI MWANDARO.
H za watu wote alizikumbuka.

Kanda zilifutwa. Juu yake walirekodi mpira,
mechi ya sare, hakuna aliyefunga.

Mwaka juzi nilimsindikiza Marikiti.
Muuza papa alikuwa anamkemea kijana
aliyetia mkono kwenye beseni bila kuuliza:
"Wewe! Wahenga walisema,
mwenye ufunguo hapigi hodi, hodi ni ya mwenye haya!"
Nikafungua kinywa. Mishi akanikanyaga mguu.
Sehemu ya saba ile, nilikuwa nimeshakufa,
lakini niliiona karatasi:
h nne, zote kwa mkono wake.
Akaomba apunguziwe bei. Hakupunguziwa.
Tulipofika kwenye duka la mashuka
akacheka hadi akashika ukuta.
"Mimi ndiye wahenga," akasema, "na sabini sijafika!"

Alipohamia kwa mwanawe, Bamburi,
alinigawia ukurasa mmoja, wa kifo changu.
Nauweka pamoja na hati ya kiwanja.
Pembeni ameandika maelekezo:
Apa anakufa. Polepole. Asiarakishwe, ametoka mbali.

Mbili zilimponyoka.
Biro ninayo.
Sijazitia.